Kimiko, Mama Yake na Nyumba Ndogo ya Nagano

Katika filamu ya mwaka 1935 ya mwongozaji wa Kijapani Mikio Naruse, Tsuma yo bara no yo ni, yaani Mke, kuwa kama waridi, Kimiko ni binti wa Tokyo anayefanya kazi ofisini na kuvaa tai na kofia. Mchumba anaye, ila mipango ya ndoa imekwama kwa kuwa ukweni wanataka kuonana na baba yake, naye baba alikwisha kuhamia Nagano, mkoa wa milimani, anakotafuta dhahabu asiyoipata na kuishi na Oyuki, mwanamke aliyewahi kuwa geisha, yaani mtumbuizaji wa wageni kwa nyimbo, ngoma na mazungumzo. Hilo halikuwa jambo la adabu tu, kwani sheria ya kiraia ya Japani ya 1898 ilimtaka mwanamke aliye chini ya miaka 25 apate idhini ya wazazi kabla ya kuolewa.

Kimiko anafunga safari kwenda kumrudisha baba, moyo wake wote ukiwa kwa mama. Huko anamkuta Oyuki akitengeneza watu nywele ili nyumba ipate kula. Kisha anagundua kwamba fedha za matumizi zilizokuwa zikifika Tokyo kwa jina la baba, mtumaji wake alikuwa Oyuki, na kwamba Shizuko, binti wa nyumba ile ndogo, aliacha shule akashika ushonaji ili fedha hizo zisikatike. Hapo wanaoitetea filamu wana hoja nzito: wajibu wa familia umetimizwa na mwanamke ambaye sheria haikumtambua kuwa mke.

Hata hivyo, hoja ya upande wa pili inaniuma zaidi. Etsuko, mke wa ndoa na mama yake Kimiko, anatunga mashairi ya kumlilia mumewe, lakini mume anaporudi Etsuko hajui namna ya kukaa naye, na filamu inayafanya mashairi hayo yaonekane kama kosa lake. Jina lenyewe la filamu linamwagiza mke awe waridi. Mume haagizwi lolote. Mwishoni baba anarudi Nagano kwa ridhaa ya Kimiko, Etsuko anabaki akilia, na binti anakiri kwamba mama ameshindwa. Neno hilo silikubali. Mama huyu hakushindana na mtu. Aliachwa na mtoto wa kulea, na fedha zilizomfikia hakujua zilitoka mkononi mwa nani.