Leakey, Kamoya na wabeba mifupa wa Tendaguru: sifa ziende kwa nani?

Muulize mtu yeyote aliyesoma shule ya msingi Tanzania nani aligundua fuvu la Zinjanthropus, yule mtu wa kale, pale Olduvai, jibu linakuja fasta, Dokta Leakey, mwaka 1959, na hapo anamaanisha Louis, yule mzee wa kiume. Sasa siku yenyewe, tarehe 17 Julai 1959, Louis alikuwa kambini kalala anaumwa mafua, aliyeenda korongoni akaona mfupa na meno yanachungulia kwenye mteremko ni mkewe Mary, akarudi na Land Rover mbio kwenda kumwamsha mume. Yaani hata kabla hatujafika kwenye ugomvi wa mzungu na Mwafrika, sifa ilishampita mwenyewe ndani ya nyumba ileile.

Naanzia hapo makusudi kwa sababu huu mjadala wa watafiti wa kwanza waliochimba mambo ya kale huku kwetu umegawa watu kambi mbili na zote mbili zinanikera kidogo. Wa kambi moja wanasema hawa ndio waliotufungulia historia, bila wao tusingejua chochote, kwa hiyo tushukuru tunyamaze. Wengine wanasema walikuwa wakoloni tu, wamebeba mifupa yetu, wamewatumikisha babu zetu, hakuna cha uanzilishi hapo. Mimi nadhani kuna kitu kimoja kambi zote mbili wanakiruka, nacho ni kwamba kuona mfupa na kuuandika ni kazi mbili tofauti, na ishu yetu kubwa na hawa wazee ilikuwa kwenye hiyo ya pili.

Tuanze na kuwatetea maana siku hizi ndo upande unaozomewa. Louis alizaliwa Kabete, Kenya, 1903, mtoto wa wamisionari, Kikuyu anaongea kama maji. Anaingia Olduvai 1931 wakati wasomi wengi wa Ulaya macho yao yako Asia, huko Java na China, na Waingereza bado wanalitukuza fuvu lao la Piltdown, eti la binadamu wa kale wa kwao, walilotangaziwa 1912, ambalo 1953 lilikuja kuumbuka kuwa ni feki, fuvu la mtu limeunganishwa na taya la orangutani. Kusimama miaka ile ukasema binadamu kaanzia Afrika Mashariki ilihitaji roho ngumu. Na hela hamna, na kutoka 1931 mpaka 1959 ni miaka 28, zana za mawe zinapatikana, mifupa ya wanyama inapatikana, ila fuvu la maana la mtu wa kale halipatikani. Wengi wetu tungeshafunga virago. Fuvu lilipopatikana mwenyewe alikisia lina miaka laki sita, 1961 vipimo vya potasiamu na agoni, vya kupima umri wa miamba, vikatoa kama milioni 1.75, na toka hapo macho ya dunia yakahamia huku. Hiyo huwezi kumnyang'anya mtu.

Ila sasa twende Kanam, maana hiyo stori ndo inaonyesha vizuri ninachosema. Kanam iko Kenya upande wa Nyanza, kando ya Ziwa Victoria, na 1932 mtu wa timu ya Louis anaitwa Juma Gitau akapata kipande cha taya la mtu. Louis akatangaza kwamba huyu ni wa kale kabisa, wa jamii yetu wenyewe. Wenzake Uingereza wakawa na mashaka, akaja mwanajiolojia Percy Boswell kukagua, na hapo Louis akashindwa kumwonyesha mahali penyewe lilipotoka! Vigingi vya chuma alivyochomeka kuwa alama wenyeji walikuwa wameshaving'oa kwenda kujitengenezea vitu vyao (na mimi siwalaumu, chuma bure hicho), na picha aliyokuwa anaitumia kuonyesha sehemu ikabainika ni ya mahali pengine kabisa. Boswell akaandika hayo yote kwenye jarida la Nature mwaka 1935 na jina la Louis likachafuka kwa muda mrefu.

Angalia hapo nani alifanya kazi yake na nani aliharibu. Juma macho yake yalifanya kazi sawasawa. Aliyevuruga ni bosi, msomi wa Cambridge, kwa kutoandika vizuri. Na taya lile mpaka leo halina uzito ambao lingekuwa nao, kwa sababu mfupa usiojulikana umetoka tabaka lipi la udongo hauwezi kukwambia umri wake. Kwa hiyo anayesema "hata sisi tungeiokota wenyewe" yuko sawa, tungeiokota, lakini kuokota peke yake hakutoshi. Mary ndo alikuja kurekebisha hilo, yeye alianza kama mchoraji, na ukiziona ramani zake za Olduvai kila jiwe na kila mfupa umewekwa pale ulipokutwa. Kwangu mimi kama kuna mwanzilishi wa kweli katika ile familia ni Mary, Louis alikuwa mtu wa maneno na kutafuta wafadhili.

Na ukitaka kujua hela ilikuwa na nguvu gani soma majina. Lile fuvu waliliita Zinjanthropus boisei, na huyo Boise ni Charles Boise, tajiri wa London aliyetoa pesa za uchimbaji. Korongo lilipopatikana linaitwa FLK, kirefu chake Frida Leakey Korongo, na Frida ni mke wa kwanza wa Louis, yaani mke wa pili kaokota fuvu kwenye korongo la mke wa kwanza, hiyo ni tamthilia kamili! Neno korongo wamelichukua kwetu likaingia kwenye ramani za dunia nzima. Majina ya watu waliokuwa wanashika sururu ndo huyaoni kirahisi.

Na hapa ndo nahamia upande wa pili. Chukua Heselon Mukiri, Mkikuyu, aliyefanya kazi na Louis toka miaka ya 1920, wamezunguka wote kila mahali. Sasa fikiria huyu mzee yuko kwenye msafara wa mtu ambaye 1952 alikuwa mkalimani wa mahakama pale Kapenguria kwenye kesi ya Kenyatta ya Mau Mau, mpaka mawakili wa utetezi wakamkataa kwamba anaegemea upande na ikabidi ajitoe. Watu wa kwao wako vizuizini, yeye anachambua mifupa na Leakey. Nani amewahi kukaa chini akamuuliza Heselon alijisikiaje? Vitabu vya familia ya Leakey vimejaa, wao wenyewe wameandika maisha yao, hawa wengine tunawajua kwa mistari miwili mitatu ndani ya vitabu vya wenzao.

Halafu kuna Kamoya Kimeu, na huyu ndo anavuruga hesabu za kambi zote mbili. Mkamba wa Makueni, shule alisoma kidogo, utotoni kachunga mbuzi, 1960 akaingia kazini Olduvai kama kibarua. 1964 akapata taya la mtu wa kale pale Peninj karibu na Ziwa Natron. Agosti 1984, siku ya mapumziko, wenzake wanajipumzisha kambini karibu na mto Nariokotome magharibi ya Ziwa Turkana, yeye akatoka kutembea na kwenye mteremko wa kokoto nyeusi akaona kipande cha fuvu kidogo kama kiberiti, rangi yake na ya kokoto ni ileile. Kipande hicho kikawa mwanzo wa mifupa ya Kijana wa Turkana, mwenye miaka kama milioni moja na nusu, mmoja wa watu wa kale ambao mifupa yao imekamilika kuliko ya karibu wote waliowahi kupatikana. Kuona kile kitu pale siyo bahati, ni ujuzi, na nadhani hata daktari wa falsafa ungempitisha hapo mara mia asikione.

Sasa anayesema Waafrika hawakutajwa kabisa, Kamoya anamkanusha. Jina lake lilitajwa. 1985 Rais Reagan alimkabidhi nishani ya National Geographic, kuna nyani wa kale na sokwe wa kale waliopewa jina lake, 2021 chuo cha Case Western Reserve kikampa udaktari wa heshima, akafariki 2022. Bernard Ngeneo naye aliyeona fuvu maarufu la mtu wa kale lenye namba 1470, mwaka 1972, anatajwa. Richard Leakey, mtoto wa Louis na Mary aliyekuwa bosi wao, kwenye hilo alikuwa muungwana kuliko wengi wa zama zake.

Lakini fungua sasa ripoti yenyewe ya Kijana wa Turkana, ile iliyotoka Nature 1985. Waandishi ni Brown, Harris, Leakey na Walker. Kamoya hayumo. Utaniambia waandishi ni wale waliochambua, sawa, ndo utaratibu wa sayansi. Swali langu ni kwa nini mtu akae miaka 25 kwenye kazi, awe anaujua mfupa wa binadamu kwa kuona kipande cha ukubwa wa ukucha tu, na katika miaka yote hiyo hakuna aliyempeleka upande wa kalamu. Nishani alipewa, ila kiti mezani hapana. Na mwaka huohuo 1985 ndo Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kilianza kufundisha akiolojia, miaka 26 baada ya fuvu la Zinj kutoka kwenye udongo wetu! Hapo lawama siwabebeshi wazungu peke yao, toka 1961 serikali ilikuwa yetu. Tulikuwa na mambo mengi, najua, ila tusijifanye hatukuwepo.

Tendaguru ni habari nyingine kabisa na huwa nashangaa watu wanaiweka kapu moja na Olduvai. Hii iko Lindi, na Wajerumani walichimba hapo 1909 mpaka 1913, wakuu wa kazi Werner Janensch na Edwin Hennig. Kumbuka vita ya Maji Maji imeisha 1907, watu wa kusini wametoka kuuawa na kufa njaa, miaka miwili baadaye wanaitwa kuchimba mifupa ya mijusi mikubwa ya kale, yaani dinosaria. Kuna kipindi wafanyakazi walifika kama 500, na mzigo ulibebwa kichwani na mabegani mpaka Lindi, mwendo wa siku nne, hakuna reli hakuna punda, zaidi ya tani 200 zikapanda meli kwenda Ujerumani. Ule mkubwa wao ukasimamishwa Berlin 1937, zaidi ya mita 13 kwenda juu, na ukapewa jina la Branca, mkurugenzi wa makumbusho. Msimamizi mkuu wa Kiafrika, Boheti bin Amrani, ambaye Wajerumani wenyewe walimtegemea kwa utaalamu wake wa kutoa mfupa bila kuuvunja, dinosaria alikuja kupewa jina lake mwaka 2007, Australodocus bohetii. Karibu miaka mia. (Louis naye alipita Tendaguru 1924 akiwa kijana, na msafara wa Waingereza, mkuu wake Cutler akafa kwa malaria mwaka uliofuata, hii nchi haikuwa rahisi kwao pia.)

Ukitaka kuona tofauti ni hii, fuvu la Zinj lilienda Johannesburg kuchunguzwa na Phillip Tobias, halafu 1965 likarudi likakabidhiwa Tanzania na leo liko Dar. Mjusi wa Tendaguru hakurudi, na kila baada ya miaka kadhaa suala linaibuka bungeni, mbunge anauliza, waziri anajibu, linapoa. Wanaotaka urudi wana hoja nzito, umeondoka chini ya bunduki za ukoloni na unaingiza watu Berlin kila siku. Wanaopinga nao wana hoja, kwamba mifupa ile inataka jengo, joto linalodhibitiwa, mafundi na hela za kila mwaka, siyo za uzinduzi tu. Hoja hiyo siipendi ila siwezi kuidharau.

Mimi kwa upande wangu kabla ya mfupa ningedai makaratasi. Madaftari ya kambi, orodha za malipo, barua, michoro ya mashimo, vyote viwekwe kwa Kiswahili na mtu wa Lindi aweze kuvisoma bila kuomba viza, maana wale watu 500 wana wajukuu na pengine jina la babu wa mtu liko humo. Hata makumbusho yale ya Berlin siku hizi yanakiri wazi historia ya kikoloni ya ile mifupa, kwa hiyo mlango upo, mtu apige hodi. Na pamoja na hayo nafasi za masomo, siyo moja ya kupigia picha, ni za kutosha kutengeneza watu wanaoweza kuandika ripoti wenyewe.

Hilo linawezekana na limeshaanza kuonekana. Laetoli, kule Mary alikofukua nyayo za watu wa miaka milioni 3.6 mwishoni mwa miaka ya 1970, zilipatikana nyayo nyingine wakati watu wanakagua eneo la kujenga makumbusho, na ripoti ilipotoka Desemba 2016 jina la kwanza lilikuwa Fidelis Masao, la pili Elgidius Ichumbaki, wote wa Dar es Salaam, ndo wakafuata Waitaliano. Sijui mtoto gani wa darasa la nne ameshafundishwa hayo majina mawili.