Mwenzenu Nimekuwa Dalali wa Namba

Ndugu zangu, mkiona mtu kazini anajua kutoa karatasi iliyokwama kwenye printa, mhurumieni. Mimi niliajiriwa kuwa mtunza stoo. Barua ya ajira ninayo, ina muhuri, imeandikwa mtunza stoo. Lakini mwaka jana printa ilikwama, nikajifanya kimbelembele, nikafungua mlango wake wa nyuma, nikavuta karatasi, ikapona. Tangu siku hiyo, hapa ofisini kwetu Kariakoo, chochote chenye waya ni changu. Feni ikilia, naitwa mimi. Mashine ya risiti ikigoma, naitwa mimi. Mshahara ni ule ule wa stoo.

Sasa wiki mbili zilizopita bosi kaja na boksi. Shemeji yake kamwambia ofisi ya maana haikosi fayawoli. Bosi akauliza fayawoli ndiyo nini, akajibiwa ni ukuta wa moto. Yeye akaelewa alivyoelewa. Nafika asubuhi nakuta kidude kimeshatundikwa ukutani, jirani kabisa na ule mtungi mwekundu wa kuzimia moto.

"Shikamoo mzee. Hiki hakizimi moto."

"Marahaba. Kumbe kinafanya nini?"

"Kinazuia wabaya wasiingie kwenye mtandao wetu."

"Si ndiyo ukakiweke mlangoni?"

Nikanyamaza. Shemeji akapigiwa simu, akatoa maelekezo yote kwa pumzi moja: waya wa intaneti uingie huku, waya wa ofisi utokee huku, zima DHCP kwenye ile ruta ya zamani, washa DHCP kwenye fayawoli, kazi ya dakika kumi. Dakika kumi! Huyo na fundi cherehani anayekuambia "nguo yako iko kwenye pasi" wamezaliwa tumbo moja.

Mnaijua hii DHCP? Mimi nilikuwa siijui. Nimekuja kuielewa kwa sababu nimepanga vyumba Tandika, Buguruni na Mbagala. Kila kompyuta na kila simu ikiingia kwenye mtandao inahitaji namba ya kukaa, yaani anwani ya IP, kama mpangaji anavyohitaji chumba. Sasa ikifika inakuwa ngeni, haimjui mtu. Inachofanya ni kusimama katikati ya uwanja na kupiga kelele wote wasikie: "Jamani, hapa kuna mwenye chumba?" Seva, yaani mashine inayogawa namba, inajibu: "Kipo, namba 107." Kompyuta inasema: "Basi nakichukua hicho hicho 107." Seva inamaliza: "Chukua, ni chako mpaka siku fulani. Mlango wa kutokea nje uko pale, na wa kukuelekeza majina ya mtaani ni yule." Maneno manne tu, mpangaji kashaingia. Hakuna kodi ya miezi sita. Hakuna dalali kutaka mwezi wake mmoja. Hakuna mama mwenye nyumba kuuliza kama una mke na kama maji unatumia mengi.

Na utaratibu wenyewe siyo wa jana. Ulitoka mwaka 1993, ukaandikwa upya mwaka 1997, na huo wa 1997 ndio tunaohangaika nao mpaka leo. Mwaka 1997, ndugu zangu! Sisi Dar tunaukumbuka kwa mvua za El Nino, barabara zimegeuka mito, kumbe huko wenzetu walikuwa wanapanga namna ya kuja kuniharibia Jumamosi yangu.

Kitu kinachonishangaza ni hiki. Fayawoli kazi yake ni mlinzi wa getini: kukunja uso, kuuliza unakwenda kwa nani, kukataa watu. Halafu huyo huyo mlinzi ndiye unamwambia agawe vyumba. Lakini nikafikiria vizuri nikaona mbona Dar ndivyo tunavyoishi? Ukitaka chumba Sinza unamuuliza nani? Mlinzi.

Haya, Jumamosi nikaanza. Kidude kimetoka dukani kikijiita 192.168.1.1. Ile ruta ya kampuni ya intaneti nayo inajiita 192.168.1.1. Yaani majirani wawili, ukuta mmoja, na wote wanasema nyumba namba moja ni ya kwao. Ikabidi nibadilishe upande wetu uwe 192.168.10.1, yaani mtaa wa 10, nyumba namba 1. Nikaandika, nikabonyeza hifadhi, nikajisikia mhandisi.

Ukurasa ukazunguka. Ukazunguka. Nikaenda kunywa chai ya rangi, nikarudi, bado unazunguka.

Nilikuwa nimejifungia nje, mwenzenu. Kidude kimehamia mtaa mpya, laptopu yangu bado imesimama mtaa wa zamani inagonga nyumba isiyo na mtu. Ilitakiwa tu niiandikie laptopu kwa mkono namba ya mtaa mpya, tuseme 192.168.10.5, ningeingia kiulaini. Nani aliniambia? Hakuna. Mimi nikatafuta kile kitundu cha kurudisha kila kitu mwanzo, kitundu chembamba kama tundu la sindano. Kalamu haipiti. Njiti ya kiberiti ikavunjikia humo. Dada wa mapokezi akanionea huruma, akavua hereni. Kwa hereni ya yule dada nikarudi sifuri mara tatu kabla sijajua kosa langu, na mpaka leo ananidai kwa sababu ndoano yake ilipinda.

Saa tisa alasiri nikawa nimefika. Nikaizima DHCP ya ruta ya zamani, nikaiwasha ya fayawoli, upande wa ndani, maana ukiiwasha upande wa nje unakuwa kama mtu anayegawa vyumba barabarani. Nikaulizwa nigawe kuanzia namba ngapi mpaka ngapi. Nikaandika 100 mpaka 150. Nikaulizwa mpangaji akae muda gani. Hapo huruma ikaniponza. Nikakumbuka mwenye nyumba wangu wa Buguruni alivyonitoa kwa notisi ya wiki moja, nikasema hapana, wangu watakaa kwa raha. Nikaandika siku saba.

Jumatatu ofisi nzima ikaamka vizuri. Bosi akapita akanigonga bega. Furaha ikadumu hadi saa nne.

Saa nne nusu ya kompyuta zikakosa intaneti. Nusu! Siyo zote, kusema labda nimekosea kuseti. Hii inafungua, ya pembeni yake haifungui, na zimechomekwa swichi moja, kile kiboksi cha kugawia nyaya za mtandao. Nikaangalia namba: hii nzima ni 192.168.10.112, safi, ya kwangu. Hii mbovu ni 192.168.0.4. Sifuri! Mimi sina mtaa wa sifuri! Nikaiuliza ile kompyuta nani kakupa hii namba, ikajibu kapewa na 192.168.0.1. Yaani humu ndani kuna dalali mwingine.

Kumbuka nilivyosema, mgeni anapiga kelele wote wasikie. Madalali wakiwa wawili, anayewahi kujibu ndiye anayebeba mteja. Na fayawoli yangu kumbe mpole, inajifikiria kwanza. Huyo mwenzake mdomo mwepesi kama wapiga debe wa Mbagala.

Nikaanza kufuata nyaya kwa magoti. Nyuma ya kabati, chini ya meza, kwenye vumbi la tangu jengo lijengwe. Waya mmoja ukaniongoza mpaka kwenye kona ya mhasibu. Mhasibu wetu ni mama mtu mzima, tunamheshimu, ukimkosea na mshahara unachelewa. Chini ya meza yake, nyuma ya maboksi ya risiti, nikakuta karuta kadogo keupe, kamekaa juu ya kigoda, kamefunikwa kitambaa cha kufuma, kile kile cha kufunikia redio na makochi sebuleni. Taa zake zinapepesa chini ya maua ya pinki.

"Mama, hiki ni nini?"

"Hicho changu mwanangu, nimetoka nacho nyumbani. Waifai yenu huku haifiki, nimeona nijiongeze."

Alikuwa amekachomeka kwenye tundu la kugawia badala ya tundu la kupokelea. Basi kenyewe kanagawa namba kwa bidii zote, na njia ya kwenda intaneti hakana. Kanapangisha vyumba kwenye nyumba isiyo na mlango. Ningekuwa na ubavu ningekatupa dirishani kangukie Mtaa wa Msimbazi. Nikasema "sawa mama," nikaizima DHCP yake, kawe kanarusha waifai tu, nikakarudishia kitambaa chake vizuri. Akaniambia nimekiweka upande.

Jumanne ikawa zamu ya printa. Ile printa ya tangu zamani haiombi chumba, yenyewe iliandikiwa namba kwa mkono na fundi fulani, na mimi nilipohamisha mtaa niliiandikia 192.168.10.120 nikaona imependeza. Akili yangu ya stoo ikasahau kwamba 120 iko katikati ya 100 na 150. Fayawoli ikampa simu ya dereva wetu namba hiyo hiyo. Kuna seva zinazochunguza kwanza kama chumba kina mtu kabla ya kugawa, lakini asubuhi ile printa ilikuwa imezimwa, mwenye chumba hayupo, taa hamna. Kiwanja kimoja, wanunuzi wawili, na wote wana hati. Hiyo Dar siyo habari ngeni. Dereva akiingia ofisini, printa inakata. Akienda bandarini, inachapa. Watu wakaanza kumwangalia dereva kwa jicho la pembeni, mwingine akasema labda amebeba kitu. Nikaihamishia printa namba 20, nje kabisa ya eneo la kugawa, dereva akasafishika jina.

Umeme nao sitausema sana. Ulikata mara mbili, na ukirudi kompyuta zinawaka haraka kuliko fayawoli, zinapiga kelele za kuomba chumba, hakuna anayeitika, basi kila moja inajitungia namba inayoanza na 169.254. Hao ni wapangaji waliokosa nyumba wakajilalia barazani. Wanaonana wenyewe kwa wenyewe, intaneti hawaijui. Siku hizi nikiona 169.254 siulizi kitu, naenda kuangalia kama kidude kimewaka.

Sasa Jumatano. Jumatano saa tano asubuhi bosi katoka chumbani kwake kashika simu mbele kama anayeshika panya kwa mkia. Kioo kimeandika "Inapata anwani ya IP". Kinapata, kinapata, hakipati.

"Ofisi ya nani hii?"

"Yako, mzee."

"Mtandao wa nani?"

"Wako, mzee."

"Mbona nimekosa nafasi?"

Nikafungua orodha ya wapangaji. Kutoka 100 mpaka 150 ni vyumba 51, na vyote 51 vimejaa. Sisi wafanyakazi tuko tisa! Ukitupa simu na kompyuta zetu hatuvuki ishirini. Hao wengine nani? Nikasoma majina. Wateja waliokuja Jumatatu kununua soketi wakaondoka zao Morogoro, vyumba wameshikilia mpaka Jumatatu ijayo. Vijana wa bodaboda wa pale chini. Simu tatu zenye jina la mama ntilie wetu, sijui mtu mmoja anakula kwa simu tatu. Siku saba zangu za huruma! Aliyepita dakika mbili kuuliza bei kapewa chumba cha wiki.

Nikamwambia bosi tulia mzee, nakuwekea namba yako ya kudumu, 192.168.10.50, hata dunia ijae wewe hukosi. Nikaomba simu, nikaingia kwenye taarifa za simu, nikaandika ile anwani ya MAC, alama ya kuzaliwa ya simu, nikaisajili. Haikushika. Kumbe simu za siku hizi zina adabu mbaya, zikiingia waifai zinatoa jina la bandia. Nimemsajili mtu kwa kitambulisho, yeye getini kataja jina la utani. Ikabidi nichukue lile la bandia analotumia kwenye waifai yetu ndiyo akapata chumba, na muda wote huo kasimama nyuma yangu ananipumulia shingoni.

Siku ile ile nikawatoa wageni kwenye nyumba kubwa. Nikafungua mtaa wa pili, 192.168.20, waifai yake mbali, paswedi yake mbali, muda wa kukaa saa moja. Na ndani ya saa moja hiyo, aliyepo halali anaongezewa mwenyewe: nusu ya muda ikifika simu inamfuata seva kuomba tena. Hivi mnamjua mpangaji gani Dar anayemfuata mwenye nyumba miezi mitatu kabla ya kodi kuisha? Sisi mwenye nyumba akikohoa uani tunazima taa.

Paswedi ya wageni nikamwambia dada wa mapokezi peke yake. Awe anawapa wateja kwa kuwanong'oneza.

Saa saba mchana nikashuka kula. Pale kwa mama ntilie kuna ubao mweusi, unaandikwa kila siku kwa chaki. Wali maharage. Wali samaki. Ugali dagaa. Mstari wa nne, herufi kubwa kuliko za dagaa, paswedi yangu.

"Mama, hii ni ya wageni wa ofisini."

Akafunua sufuria, mvuke ukamfunika uso.

"Kwani hawa mwanangu umeona ni wenyeji?"

Nikageuka. Benchi zote mbili zimejaa, vichwa chini, vidole vinatembea juu ya vioo, masahani yanapoa. Nikavuta stuli, nikaagiza wali maharage. Simu ikatetemeka mfukoni: imeunganishwa.