Kabla ya Kutafuta Jina kwenye Simu, Muulize Nyanya

Wazazi wengi wa Nairobi wanaongoja mtoto siku hizi huanzia kwenye simu: majina ya Kiafrika na maana zake. Inawajia orodha ndefu, kila jina na maana yake ubavuni, na nyingi zinapendeza: shujaa, malkia, ua, nuru. Nimesoma orodha nyingi kwa sababu jamaa na marafiki hunitumia wakiomba ushauri, na naomba niseme wazi kwamba hazitufai. Makosa yamo, lakini hilo ni dogo. Kubwa ni kwamba zinatuzoesha kutafuta maana mahali ambapo wazee wetu hawakuiweka.

Chukua Otieno, jina la Wajaluo. Orodha itakuambia ni mvulana aliyezaliwa usiku, na ni kweli, kama vile Akinyi alivyo wa asubuhi na Okoth wa mvua. Lakini mji huu una akina Otieno wengi waliozaliwa mchana, jua la utosi. Wao ni Otieno kwa sababu babu alikuwa Otieno, au kwa sababu marehemu fulani wa ukoo alimjia mtu ndotoni akitaka jina lake liitwe tena. Wafula wa Wabukusu ni jina la mvua, na bado utakutana na Wafula wa kiangazi. Wa kwanza alipewa jina na mvua; huyu wa leo amepewa jina na yule wa kwanza.

Kwa Wakikuyu jambo hili liko wazi zaidi. Mwana wa kwanza huitwa jina la babu mzaa baba, wa pili la babu mzaa mama. Binti wa kwanza huitwa jina la nyanya mzaa baba, wa pili la nyanya mzaa mama. Hapo uzuri wa maana hauna nafasi ya kuchaguliwa. Ukimuuliza Kamau jina lake lina maana gani, jibu lililo sahihi kuliko yote ni kwamba huyo ni babu yake. Utamsikia mama akimwita bintiye mdogo “maitu”, yaani mama, bila mzaha wowote, kwa sababu mtoto amebeba jina la mama aliyemzaa yeye. Mtoto wa aina hiyo hujua mahali pake katika ukoo kabla hajajua kusoma. Orodha gani itampa hilo?

Halafu kuna Wanjiku. Katika masimulizi ya Wakikuyu ni mmoja wa mabinti wa Gikuyu na Mumbi, na ukoo wa Agaciku unatoka kwake. Lakini miaka ya 1990 ilipokuwa ikielekea mwisho, katika mabishano ya kubadilisha katiba, Rais Moi aliuliza Wanjiku anajua nini kuhusu katiba. Wakenya walilishika jina hilo wakalifanya lao. Tangu hapo Wanjiku ni mwananchi wa kawaida, awe Mturkana au Mgiriama, na katiba mpya ilipozinduliwa Uhuru Park tarehe 27 Agosti 2010, wengi waliiita katiba ya Wanjiku. Maana hiyo imetokana na watu na yaliyowapata.

Majina mengine yamebeba msiba. Musyoka kwa Wakamba ni aliyerudi, na Kariuki kwa Wakikuyu ni aliyefufuka. Orodha huyaandika kama majina ya matumaini tu. Mara nyingi nyuma yake kuna aliyefariki, na mtoto anastahili kuambiwa ni nani.

Najua hoja ya wanandoa wa makabila mawili, ambao Nairobi ni wengi. Hukimbilia Imani, Zawadi au Baraka ili pasiwe na upande unaonung’unika. Siyakatai majina hayo, ni mazuri, ila nawahurumia watoto wanaokosa nyanya wawili kwa mpigo. Achieng Wanjiru ni jina kamili, na linatamkika vizuri. Wala simlazimishi mtu kurithisha jina la babu aliyekuwa mkatili. Mwache apite. Ila ulizia kwanza, uache ukijua unamwacha nani.

Na haraka ya nini? Fomu ya hospitalini huwatia wazazi wasiwasi, lakini sheria ya uandikishaji wa vizazi na vifo inampa mzazi miaka 2 baada ya mtoto kuandikishwa kuongeza au kubadilisha jina alilompa. Piga simu nyumbani, uliza aliyeitwa hivyo alikuwa nani, alilima wapi, alisifika kwa nini. Kisha liandike jibu mahali pasipopotea, hata nyuma ya kile kitabu cha kliniki, pamoja na jina la aliyekusimulia.