Jini Ndiye Dereva

Jamani, sisi tunaoandika filamu tulivu hapa Bongo tumemkosea nani? Nimeandika mjane anamenya viazi, simu ya marehemu mumewe inaita mezani. Haipokei. Basi. Prodyuza kafika ukurasa wa tatu, kapiga miayo: "Mchawi anaingia saa ngapi?"

Mchawi wa nini tena, bosi?

"Basi mama mkwe. Atoe hata kofi!"

Halafu eti tuigawe, sehemu ya 1 na ya 2, kama enzi zile za DVD za Kariakoo. Viazi vyenyewe vinne! Tugawane viwili viwili?

Na wewe mwenzangu mwenye skripti chini ya godoro, umeambiwa uweke jini au ajali? Mimi nimeambiwa vyote. Jini ndiye dereva.