Vekta Haina Madimbwi

Wiki iliyopita nilimpa kijana wa guta kabati alipeleke kwa mteja, toka Barabara ya 3 hadi ya 8, hapa hapa Ngamiani, Tanga. Akanitoza elfu tatu, nikalipa bila kinyongo. Juzi nikamwita tena, kabati pacha wa lile, toka Barabara ya 9 hadi ya 14. Akalitazama kama anatazama jeneza, akasema: "Elfu tano, mzee."

Elfu tano ya nini? Tatu mpaka nane ni tano, tisa mpaka kumi na nne ni tano. Ndiyo raha ya mji wenye mitaa ya namba, huhitaji ramani, unahitaji vidole tu. Nikalipa, mteja anasubiri, lakini usiku sikulala.

Nikamlalamikia binti yangu, yuko kidato cha nne, huwa hanisikii mpaka nitaje hela. "Baba, hizo ni vekta." Nikajua nimekwisha. Mimi hesabu niliziacha siku walipoanza kuzichanganya na herufi.

Akavuta kipande cha plaiwudi, kipya, sijakikata, akaanza kukichorea mishale kwa kalamu ya wino, kila safari mshale wake, ndiyo vekta yenyewe. (Bei ya plaiwudi siku hizi naomba tusiizungumze.) Vichochoro vya kukatiza havina namba, tukavipa wenyewe, cha kwanza kile cha muuza kahawa. Unataja barabara kwanza, kichochoro baadaye: safari ya kwanza ikaanzia (3, 1) ikaishia (8, 3). Ya pili ikaanzia (9, 2) ikaishia (14, 4).

"Chukua mwisho, toa mwanzo," akasema. "Nane kutoa tatu, tano. Tatu kutoa moja, mbili. Haya, na ya pili?"

Nikatoa. Hasi tano, hasi mbili.

"Baba, umelirudisha kabati. Umetoa mwisho kwenye mwanzo."

Nikatoa upya. Kumi na nne kutoa tisa, tano. Nne kutoa mbili, mbili. Zote (5, 2)! Vekta zinalingana, na ilipoanzia si hoja. Nikasema si ungeniambia tupime mishale kwa uzi tu, urefu ukilingana yameisha? Akacheka mpaka mama yake akaja kuchungulia. Akachora mshale mwingine, toka (3, 1) hadi (5, 6). Mbili na tano. Uzi ukasema urefu ni ule ule, lakini mshale umeelekea kwingine kabisa. "Mteja wako yuko Barabara ya 8, kabati limeshushwa ya 5. Urefu na mwelekeo, Baba, vyote viwili."

Asubuhi nikaenda kijiweni na plaiwudi kwapani. Nikaieleza mbele ya watu, kahawa mkononi, kama mwalimu wa zamu. Kijana akanisikiliza kwa adabu zote za Kitanga, na hizo adabu ndizo zinazouma.

"Shikamoo kwanza, mzee, nilisahau. Hiyo vekta ina madimbwi?"

"Marahaba. Haina."

"Imechimbwa mtaro katikati, mtu azunguke mitaa miwili?"

"Yenyewe inaangalia mwanzo na mwisho tu."

"Basi kabati lingine mpe yeye abebe."

Kijiwe kizima kikaangua kicheko, mpaka muuza kashata ambaye bado ananidai hela ya stuli niliyomharibia.

Na bado. Mchana mteja wa Barabara ya 14 akapiga simu: kabati halipiti mlangoni, lirudi. Nikamwita kijana yule yule, maana wengine wote walikuwa wamepata mzigo. Akalirudisha, akanyoosha kiganja: elfu tano nyingine. Hapo elimu ikanipanda. Nikamwambia: kwenda ni (5, 2), kurudi ni (-5, -2), jumlisha mwenyewe. Sifuri, sifuri. Hakuna safari iliyofanyika, na ile elfu tano ya juzi nirudishie.

Akaniangalia. Akaangalia plaiwudi. Akaichukua taratibu, akaitandika kwenye guta pale ubao ulipotoboka, akapanda juu yake kuijaribu kwa miguu.

"Ukipata hela utaikomboa, mzee."

Leo nimemwona anapita Barabara ya 12 na magunia ya nazi, yamekaa juu ya mishale ya mwanangu. Na binti naye ameanza: kumbe upande wa nyuma wa plaiwudi alikuwa ameandika kazi ya nyumbani, na mwalimu anaitaka Jumatatu.