Jalada la Ben Barka bado liko wazi, la mwandishi wa habari Azory liko wapi?

Ndugu zangu wa Dar hupenda kuniambia, "Wewe uko Ufaransa, sema unachotaka, nani atakugusa?" Mehdi Ben Barka naye alikuwa Ufaransa. Mpinzani huyo wa Mfalme Hassan II wa Morocco, aliyewahi kumfundisha mfalme huyohuyo hesabu, alikuwa ameshahukumiwa kifo kwao bila kuwapo mahakamani. Tarehe 29 Oktoba 1965, mchana kweupe, polisi wawili wa Kifaransa walimsimamisha karibu na mgahawa wa Lipp, Paris. Wakamwonyesha vitambulisho, akapanda gari lao. Hajaonekana tena.

Kwa hiyo usalama wa ughaibuni siusifii mtu. Dar nako Eduardo Mondlane, kiongozi wa FRELIMO, chama cha ukombozi wa Msumbiji, aliuawa kwa bomu lililofichwa ndani ya kitabu, Februari 1969. Lakini alizikwa Kinondoni, na familia yake ikajua pa kwenda kumlilia.

Aliyepotezwa hana hata hilo. Nimekulia Magomeni, najua msiba unavyokwenda: turubai linafungwa, mikeka inatandikwa, wanaume wanaenda makaburini, kisomo, kisha tanga linaanuliwa. Mjane anakaa eda miezi 4 na siku 10. Sasa mke wa aliyepotezwa aanze kuhesabu lini, na hakuna aliyemthibitishia kwamba mumewe amekufa? Simu ikiita tu, moyo unampasuka.

Ninachowaonea wivu Wafaransa ni kimoja. Kesi ya Ben Barka ilisikilizwa. Mwaka 1967 polisi mmoja alifungwa miaka 6, na Jenerali Oufkir, waziri wa mambo ya ndani wa Morocco, akahukumiwa maisha bila kuwapo. Familia ikafungua malalamiko mengine mwaka 1975, na miaka 60 tangu achukuliwe jalada halijafungwa, ingawa serikali mbili, ya Ufaransa na ya Morocco, zimebania siri zao.

Mwandishi Azory Gwanda alichukuliwa Kibiti, Novemba 2017. Mwaka 2019 aliyekuwa Waziri wa Mambo ya Nje, Palamagamba Kabudi, aliiambia BBC kuwa Azory alitoweka na kufariki, halafu tukaambiwa hakueleweka vizuri. Kama amekufa, amezikwa wapi? Kama yu hai, nani anaye? Jalada lake liko kwa ofisa gani? Wabunge wa Dar na wa Pwani waliulize hilo bungeni, kwa jina lake, kila kikao, mpaka waziri mwenye dhamana ajibu.