Kwani Lazima Mama Afe Ndipo wa Kambo Apendwe?

Filamu za siku hizi zimempunguzia mama wa kambo ukatili, lakini zimemwachia ushindani, na hilo linaniuma. Katika Cinderella ya Disney ya 1950 alikuwa wa kuchukiwa tu, kama wale wa ngano tulizosimuliwa na nyanya zetu. Toleo la 2015 lilimpa Cate Blanchett, aliyemwigiza mama huyo wa kambo, nafasi ya kusema kwamba naye aliolewa kwa mapenzi, mume akafa. Katili bado, ila sasa tunajua machungu yake.

Ninayogombana nayo hasa ni Stepmom ya 1998, na naipenda. Julia Roberts na Susan Sarandon wanavutana juu ya watoto wawili, kisha mama mzazi anaugua saratani ndipo wanaelewana. Yaani wa kambo akubalike kwa kuwa mwenzake anakufa! Daddy's Home ya 2015 nayo ni vichekesho vya wanaume wawili kushindania watoto.

Iliyonigusa zaidi ni filamu ya mashujaa, Ant-Man ya 2015. Baba wa kambo mtarajiwa wa Cassie, binti wa shujaa huyo, ni polisi, anampenda mtoto kwelikweli, na mwishoni anakaa meza moja na baba mzazi. Hakuna aliyefukuzwa.

Huku Mombasa mama mzazi yu hai. Yuko Likoni, keshaolewa, na Ijumaa jioni mtoto anavuka feri kwenda kwake. Akifika, nyanya anamhoji: kwa baba yako mlikula nini? Nguo za Idi zikinunuliwa na baba wa kambo, baba mzazi anaona kadharauliwa. Zisiponunuliwa, mama anaweka kinyongo. Na karo je? Nionavyo, karo inavunja ndoa za pili kuliko wivu, lakini ni nadra kuona Hollywood ikiigusa, wala nyanya na wajomba hawaonekani.

Waislamu tuna utaratibu ambao filamu hizo hazijaufikiria. Mtoto hubaki na ubini wa baba yake, huku binti wa mke akiwa maharimu, yaani asiyeweza kuolewa naye kamwe, wa mume aliyeishi na mamake kama mke. Kila mmoja ana nafasi yake bila kumfuta mwingine.

Watengenezaji filamu wa Pwani, nawasihi, tupeni hadithi hii. Anzeni na ile feri ya Ijumaa: nani anampeleka mtoto, nani anampokea ng'ambo, na nauli ya matatu inatoka kwa nani.